Kaseti ya Mpira ya Baba Mkwe

Uvira, Songo
Tarehe 22 Juni 2025

Yaya wangu Concilie, dada yangu mkubwa,

Nakusalimu kwa furaha ambayo karatasi hii haitaiweza, lakini nitaijaribu hivyo hivyo. Wewe hujambo? Shemeji Venant hajambo? Na mapacha, meno yameshaota au bado wanakung'ata kwa ufizi? Sisi huku tuko salama, kwa jinsi watu wa Uvira wanavyolitumia neno hilo mwaka huu. Tunakula, tunalala, na mlio wa bunduki ukisikika kule juu milimani tunanyamaza kidogo kusikiliza kama unakaribia, halafu mtu anaomba apewe chumvi na maongezi yanaendelea. Mama mguu wake hauvimbi tena. Anasema ni maombi, mimi nasema ni kwa sababu sasa ana mkwe wa kumchotea maji.

Yaya, nimeolewa! Nimeandika neno hilo nikaweka kalamu chini nikacheka peke yangu. Najua unajua, lakini hukuniona, na hilo ndilo jambo pekee linaloniuma bado. Siku ile uliposema boti zimezuiwa huko kwenu Kalemie nililia mpaka Mama akanikataza, akasema macho mekundu hayaendi na shela. Kitenge ulichompa Sabine, yule jirani yetu mchuuzi, aniletee kilifika baadaye boti zilipofunguliwa. Nimekivaa, nimekilalia, na siku moja nilikishika tu mikononi bila kukivaa.

Utauliza kwa nini ninaandika barua badala ya kupiga simu. Mtandao unakuja na kuondoka unavyotaka, na tena yako mambo ambayo yanaona haya kupita katika simu, hasa pale ambapo wifi yangu Olga anakaa karibu. Olga ni mtu mzuri sana, lakini kitu kikiingia katika sikio lake asubuhi, mchana kimefika Rugenge. Kwa hiyo Sabine atakuletea barua hii mkononi pamoja na kifurushi kidogo, nacho nitakueleza habari yake.

Ndoa tulifunga parokiani asubuhi, maana padri alisema mchana hakuna anayeujua utakuwaje. Espoir ni Mprotestanti na ni Mfuliiru, na walikuwapo watu hapa mtaani waliosema kwamba Barundi wa bondeni, ndio sisi, na Bafuliiru wana maneno yao ya zamani, sasa hawa watoto wanatafuta nini. Tulikuwa tunatafutana sisi wawili, basi. Na hao waliosema ndio waliokuja kukaa viti vya mbele, karibu na sufuria ya wali.

Niruhusu nimsifu mume wangu, halafu nitaendelea. Unakumbuka tulipokimbia kutoka kijijini Lubarika mwezi wa pili, simu ya Mama ililowa mvua njiani. Niliipeleka kwa fundi mmoja wa Rugenge, kijana mrefu mwenye vidole vyembamba kama vya mpiga kinanda. Akaniambia inahitaji kukauka, nirudi kesho. Nikarudi, akasema bado ina unyevu kidogo. Nikarudi tena, akasema unyevu umebaki pale pembeni. Siku aliyokuja kujitambulisha kwa Mama ndipo alipokiri kwamba simu ilikauka siku ile ile ya kwanza. Ndiye huyo, yaya. Akicheka anafunga macho. Akinywa chai anapuliza kwanza upande wangu, halafu wake. Sikujua kama mtu anaweza kupendwa mpaka kwenye chai.

Sasa habari yenyewe. Mama alisimama imara kwamba bibi arusi ni lazima akae ndani mpaka siku ya gutwikurura. Kwa akina Espoir, watu wa mjini, hilo neno halikuwahi kuingia nyumbani. Ikabidi Mama awafafanulie kwamba kwetu bibi arusi hatoki, hafanyi kazi, haonekani ovyo, mpaka familia zote mbili zikutane kwa sherehe, baba wa mume akiwapo, kisha afunuliwe kitambaa na kuitwa mke wa nyumba. Olga akauliza kama nimefungwa, na kosa langu ni lipi. Mama mkwe akasema yeye kesho yake tu baada ya ndoa alikuwa anatwanga majani ya sombe, angejua kwamba kuna likizo angeolewa bondeni.

Basi nikakaa ndani. Na ndani kwetu, yaya, upande mmoja ni kitanda na upande wa pili ni kaseti. Si kaseti za nyimbo. Ni zile kaseti nene za michezo ya televisheni tuliyocheza utotoni, unachomeka katika mashine, unashika maneti, kile kidude cha vibonyezo, mkononi na kupigana na ndege au kukimbiza gari. Espoir anazikusanya. Tangu fujo za mwezi wa pili, wakati majambazi walipopita katika nyumba za michezo na kubeba mashine na televisheni, watu wa Uvira wamekuwa wakimletea kaseti zilizobaki. Anayevukia Burundi anamwachia. Anayerudi anakuja kuuliza kama yake iko hai. Na nyingi zinakufa, maana unyevu wa ziwa unakula yale meno ya shaba yaliyo chini. Kwa hiyo Espoir anazinakili zote, ili kaseti ikifa mchezo ubaki.

Mimi nilidhani kunakili ni kubonyeza tu. Kumbe ni kazi ya mapenzi. Kwanza anasafisha yale meno kwa pamba na spiriti, taratibu, kama anasafisha sikio la mtoto. Amenikataza kabisa kupuliza kaseti kwa mdomo tulivyofanya zamani, eti mate ndiyo yanayoleta kutu. Fikiria sisi tulivyopuliza! Kisha anaichomeka katika kisanduku kidogo chenye waya unaokwenda kwenye kompyuta, na kompyuta inasoma kila kitu kilichomo na kukiweka kuwa faili. Halafu anasoma tena mara ya pili. Kila faili ina alama yake, mstari wa herufi na namba, kama alama ya kidole cha mtu. Alama za kusoma kwa kwanza na kwa pili zikifanana, basi nakala ni nzuri. Zikitofautiana, kaseti inadanganya, unasafisha upya. Nakala ya kwanza ikishafanya kazi ya ushahidi inafutwa ili isile nafasi, na ya pili inapewa jina na kuingia katika hifadhi.

Hilo jina ndilo shughuli. Kaseti hizi nyingi zilitengenezwa na wajanja, karatasi ya juu inasema mchezo mmoja na ndani umo mwingine. Unaweza kuwa na kaseti mbili zinazofungua kwa picha ile ile ya mwanzo lakini ndani hazifanani. Espoir anaandikiana na watu wa nchi za mbali wanaohifadhi michezo kama hii, na wao wamemfundisha utaratibu: kwanza jina la mchezo linaloonekana kwenye skrini, kisha mahali ilikotoka, kisha mwenye kaseti, mwisho neno la kuonyesha kama nakala ni nzuri. Usipofuata utaratibu, alisema, baada ya miaka miwili hujui nini ni nini.

Aliponiona nimekaa kitandani nikihesabu mbao za dari, akaniuliza kama ningependa kuwa sekretari wake. Yaya, mimi mwenye diplome ya humanités, niliyemaliza sekondari, na bibi arusi wa siku chache, ningesema hapana? Mama aliuliza kama hiyo si kazi. Nikamwambia ninabonyeza tu vidole, sinyanyui kitu. Akafikiri, akakubali. Basi asubuhi Espoir ananisomea kaseti kabla ya kwenda Rugenge, mimi ninalinganisha alama, ninafuta ya kwanza, ninaipa ya pili jina. Jioni akirudi ananikuta na hifadhi imeongezeka, anaifungua na kuitazama kama mtu anayetazama shamba lake.

Nikafika kwenye kaseti za baba mkwe.

Wewe hukuja, hujamwona. Ni mtu mpana, sauti kubwa, kofia haitoki kichwani isipokuwa kanisani. Alikuwa na nyumba ya michezo Rugenge, ya kwanza au ya pili mjini kutegemea unamwuliza nani, na jina lake lilikuwa juu ya mlango kwa rangi nyekundu. Mwezi wa pili walibeba kila kitu, hata ule mlango. Kaseti zake alizifunga ndani ya mfuko na kuzilalia. Kati ya hizo iko moja ya mpira ambayo haipo mahali pengine popote duniani. Baada ya vita vya kwanza, fundi wa redio aliyeitwa Frédéric, rafiki yake, aliufungua mchezo wa mpira wa kawaida, akaondoa majina ya timu za nchi za mbali akaweka kata za Uvira. Songo, Rugenge, Kalundu, Mulongwe, Kavimvira, zote zimo. Espoir anasema watu walikuwa wanasimama mpaka barabarani. Mtu wa Kalundu akifungwa na Kavimvira alikuwa anapita njia ya nyuma wiki nzima. Frédéric baadaye alichukuliwa na ndege ya wakimbizi, na hakuna anayejua anwani yake.

Baba mkwe aliileta mwenyewe. Akamwambia Espoir ainakili upesi kwa sababu imeanza kukatakata, na aandike jina lake kwa ukamilifu, kwa kuwa mlango wenye jina umeondoka. Espoir aliisoma mara mbili, alama zikafanana, tukashangilia. Alipoichomeka mara ya tatu ili tu anionyeshe, ikazima. Haijaamka tena. Lakini hatukuogopa, nakala ilikuwapo.

Sasa, yaya, wewe unajua tulivyolelewa. Mkaza mwana hatamki jina la baba wa mume wake. Mama alinikumbusha hilo usiku wa kuamkia ndoa kuliko jambo lingine lolote. Kwa akina Espoir hakuna desturi hiyo. Mama mkwe mwenyewe anamwita baba wa mume wake kwa jina, tena akimlalamikia. Mimi nilikuwa nimekaa mbele ya kompyuta, mahali pa mwenye kaseti panasubiri, na vidole vyangu vikakataa. Nikaona hata kuliandika ni kama kulitupa chini. Nikaandika: Mpira, Uvira, Baba Mkwe, nzuri. Nikaona nimefanya adabu kubwa.

Kesho yake Espoir akanisomea kaseti nyingine ya mpira, ile ya kawaida ambayo Frédéric alianzia. Ni ya kaka mkubwa wa baba mkwe, yule wa Kalundu. Kwetu huyo naye ni baba mkwe, naye simtaji. Picha ya mwanzo ni ile ile. Mahali ni Uvira. Nikaandika: Mpira, Uvira, Baba Mkwe, nzuri. Kompyuta ikaniuliza kwa Kifaransa kama nataka kuweka hii mahali pa ile. Nilisikia pikipiki ya Espoir nje, na sikuwa nimejipaka mafuta usoni. Nikabonyeza ndiyo.

Unaelewa nilichokifanya? Nakala ya pekee ya mpira wa Uvira nikaifunika kwa mpira wa watu wengine, na kaseti yenyewe ilikuwa imekufa.

Baba mkwe alikuja siku mbili baadaye kutazama kazi. Mimi nilikuwa nyuma ya pazia, ndivyo inavyotakiwa. Nikamsikia anamwambia Espoir afungue. Akasoma, halafu akauliza huyo Baba Mkwe ni nani, maana Uvira muzima iko na babakwe. Espoir akacheka, akasema ni wewe, Papa. Mzee akasema fungua basi. Wimbo wa mwanzo ukapiga, akaanza kuuimba pamoja nao kwa furaha, halafu akaacha katikati. Timu zilikuwa za nchi za mbali. Akauliza nani ameandika. Espoir wangu, bila kumeza mate, akasema ni sisi. Mimi nyuma ya pazia nikasema ni mimi. Ndipo baba mkwe akasema polepole, na polepole ile ilikuwa mbaya kuliko kelele, kwamba basi katika nyumba hii hana jina wala timu. Akaondoka. Chai yake hakuigusa.

Mama alijifunga kitenge akaenda Rugenge kumweleza desturi yetu. Alimwambia kwamba binti yake angekaa na njaa kuliko kuliweka jina la baba mkwe mdomoni. Baba mkwe akamjibu: "Mama Agnès, miye majeshi yote iliyopita hapa Uvira iliniita kwa jina yangu, hata ile iliyokuja kuniiba. Mukaza mwana wangu peke yake ndiye anaona jina yangu ni mbaya?" Mama akasema si mbaya, ni kubwa. Yeye akasema kubwa inaandikwa juu ya mlango, haifichwi. Na akaongeza kwamba hatakaa katika sherehe ya kumfunua bibi arusi aliyelifunika jina lake. Mama alirudi midomo imekazwa. Bila baba wa mume kitambaa hakiondolewi. Akasema basi, nitabaki ndani. Na kwa Mama, unamjua, hilo halikuwa fumbo. Ningebaki ndani kweli, mke nusu, mpaka mzee akubali.

Espoir hakunigombeza hata kwa jicho. Aliisafisha ile kaseti mpaka pamba ikaisha. Alitafuta ndani ya kompyuta kama kuna mabaki, hakukuwa na kitu. Akanishika mikono akasema kama nitabaki ndani naye ataleta meza ya ufundi humu humu, wateja watakuja dirishani. Nikacheka na kulia. Lakini nilimwona akiigeuza ile kaseti mkononi, na sikutaka mtu huyu awe na huzuni iliyotoka kwangu. Hapa, yaya, ninaruka jambo moja. Nitalirudia, nipe nguvu kwanza.

Siku ya sherehe ilikuwa imeshapangwa na watu wameshaalikwa, tukaiacha iende. Ndagala za ziwani zilikuwa zinakaangwa, samaki wa mikeke wamechomwa, wamama wa Lubarika waliokimbilia huku walikuja wote wakiimba tangu njiani, na nilipowasikia nilijiona kwetu. Nikaketishwa mkekani nimefunikwa kitambaa cheupe. Kisha vigelegele vikapungua ghafla, nikajua baba mkwe amekuja. Mama mkwe alikuwa amemwambia kwamba atabeba kiti cha mzee mpaka Songo hata kama mzee hatakikalia, na watu watamwuliza kwa nini anatembea na kiti kitupu. Basi akaja. Lakini kiti akakiweka nje ya mlango wa uwanja, akakaa hapo, akatangaza kwamba yeye ni mpita njia.

Sasa lile jambo. Yaya, usimsomee shemeji Venant sehemu hii.

Nilikuwa sifuti nakala za kwanza. Espoir aliniagiza nizifute, na mimi nilikuwa nazificha. Kwa sababu zile za pili zilikuwa na majina ya utaratibu, makavu, na mimi nilikuwa nimejaa maneno ambayo sikuwa na pa kuyaweka. Mchana mzima niko ndani, yeye yuko Rugenge, nampenda, namngojea, nifanye nini? Nikawa nazipa zile nakala za kwanza majina ninayomwita moyoni, ambayo siwezi kumwambia usoni. Nikaziweka katika memori, ile kadi ndogo ya simu, ile ile yenye picha zetu za harusi, nikasema hapo hakuna atakayetafuta mchezo. Halafu Olga akaichukua memori kwenda kutoa picha mjini. Siku tulipogundua hasara, niliikumbuka saa ile ile. Nikamwomba Olga anirudishie, nikasema nina hamu ya kuona picha. Akasema nisubiri, ataionyesha mbele ya watu wote siku ya sherehe. Nikinyamaza, mchezo haupo. Nikisema, Olga anafungua. Nilikaa siku zile zote nikichagua kati ya baba mkwe na aibu yangu, na kila siku nikichagua kesho.

Chini ya kile kitambaa, nikijua yule mzee amekaa nje kama mgeni kwa ajili yangu, nilimvuta Espoir mkono nikamwambia sikioni kwamba mpira wa Uvira uko katika memori ya Olga. Akauliza kwa jina gani. Nikasema sijui ni lipi kati ya yale, na usiniulize zaidi. Yeye hakungoja. Akapiga kelele ya furaha, akamwita Olga, akachomeka memori, akaigeuza televisheni ielekee mlango wa uwanja ili baba yake aone.

Baba mkwe akavaa miwani. Unajua, huyu ni mtu aliyeita zamu za wachezaji miaka mingi, sauti yake inafika barabara ya pili. Akaanza kusoma. "Sukari ya Songo." Espoir akaifungua, ikawa ndege. "Mume Wangu Akinawa Uso." Magari. "Usichelewe Leo." Nyoka anayekula vidonge. Wamama wa Lubarika walikuwa wameanza kupiga makofi kila jina. "Vidole vya Espoir." Hapo mzee akavua miwani, akamwuliza kaka yake kama wao ndio waliomzaa huyu mwenye vidole, maana yeye anamjua mtoto aliyekuwa anavunja sahani. Yaya, sijawahi kuishukuru desturi yetu kama nilivyoishukuru chini ya kitambaa kile! Watu wanalia kwa kicheko, mimi niko ndani ya nguo nyeupe kama mzigo, nawaka uso. Na mkono wa Espoir ulikuwa umeingia chini ya kitambaa ukashika wangu.

"Nitakupenda Hata Umeme Ukikata," baba mkwe akasoma.

Espoir akaifungua. Wimbo ukapiga. Halafu nikamsikia mtu mmoja kule nyuma anasema Kalundu, kwa sauti ndogo kama anamwita mtu aliyemwona sokoni. Mwingine akasema Mulongwe. Halafu uwanja mzima ukapaza sauti, Rugenge, Songo, Kavimvira, wanaume wazima wakirukaruka, na majirani wakaja kuangalia kama tumevamiwa. Nikasikia kiti kikisukumwa. Baba mkwe alikuwa ameingia.

Alisimama mbele ya mkeka wangu akasema mchezo huu sasa upewe jina lake sawasawa, na yule aliyeufunika ndiye aandike. Hapo Mama akasimama, na watu wote wakamtazama, maana yeye ndiye aliyekuwa mlinzi wa desturi. Akasema kwamba mababu walikataza mdomo. Kuhusu vidole hawakuacha neno, na kama wangetaka kukataza vidole wangesema, walikuwa watu wa maneno mengi. Baba mkwe akasema Mama Agnès angefaa kuwa mwanasheria. Espoir akaniwekea kompyuta magotini. Nikatoa mikono nje ya kitambaa, mikono tu, nikaandika herufi moja moja, naye amesimama juu yangu akizisoma kwa sauti kama anaita mchezaji. Nilipomaliza akatoa kofia. Ndipo mama mkwe akaniondolea kitambaa, na mtu wa kwanza niliyemwona duniani kama mke wa nyumba alikuwa baba mkwe, kofia mkononi, anafuta miwani ambayo haikuwa na kitu.

Tulicheza mpaka chakula kikapoa. Alichukua Rugenge, akanipa Songo, akanifunga vibaya bila huruma ya bibi arusi, na kila bao alimwuliza Mama kama desturi inaruhusu. Sasa anamtaka Espoir aongeze timu ya Lubarika. Espoir anasema bado hajui namna, ila anajifunza. Na yale majina mengine amekataa kata kata niyafute. Anasema huo ni utaratibu bora kuliko wa wale watu wa mbali. Ananiita Sukari ya Songo mbele ya wateja, Olga ameshalifikisha sokoni, na mimi nimeacha kuona haya. Karibu.

Sasa ombi, nalo ndilo kifurushi. Espoir amefundishwa kwamba nakala ikae zaidi ya mahali pamoja, kwa sababu hatujui Uvira itaamkaje kesho. Moja iko kwetu, moja amempa baba mkwe ashone ndani ya kofia, na moja ni hiyo memori anayokupa Sabine. Iweke mahali pakavu, mbali na moshi na mapacha. Ndani yake umo mpira wa Uvira na michezo ya watu waliokimbia. Ukikutana huko Kalemie na mtu wa Rugenge au Kavimvira mwenye hamu ya kwao, mchomekee kidogo acheze.

Msalimie shemeji, wabusu mapacha, uwaambie wana baba mdogo anayetengeneza simu na hazirudishi upesi. Mama anakusalimu. Amekaa hapa ubavuni kwangu kuhakikisha nimefunga mdomo ninapoandika mstari unaofuata.

Baba mkwe wangu anakusalimu sana. Jina lake ni Libérat.

Mdogo wako aliyejaa furaha mpaka pembeni,
Akimana wa Espoir